SIKU MOJA KATIKA VILIMA VYA TOSCANA

Wahenga walinena, tembea uone. Mimi nilitembea, nikaona, na sasa nataka kuwasimulia wenzangu wa Chama cha Kiswahili yale niliyoyaona kwa siku moja tu, Jumapili ya tarehe 20 Agosti 2023, huko Italia. Msiniulize habari za Roma wala za Venice, maana huko sikufika. Yangu ni miji miwili ya vilimani na shamba moja la mizabibu, basi.

Nilifikaje huko? Shangazi yangu, dadake baba, anafanya kazi katika mji wa Florence tangu mwaka 2009. Kazi yake ni kumtunza ajuza mmoja anayekaribia miaka tisini. Shangazi humwita Nonna, yaani nyanya kwa Kiitaliano. Nilipokuwa kidato cha pili shangazi alinilipia nauli nikamtembelee likizo ya Agosti. Jumapili ndiyo siku yake ya mapumziko, na hiyo Jumapili moja aliamua kuitumia kwa ajili yangu. Alinunua tikiti mbili za ziara ya kutwa, ile ya basi na kiongozi wa kueleza kila kitu. "Twende baba, ukaone kwao Nonna," aliniambia. Shangazi huniita baba kwa sababu nilipewa jina la babu, babake mzazi. Lakini "kwao Nonna" sikuelewa ni wapi.

Saa mbili kasorobo asubuhi tulikuwa tumeketi ndani ya basi pamoja na Wamarekani, Wajapani na Wabrazili. Waafrika tulikuwa sisi wawili tu. Kiongozi wetu alikuwa mama mmoja mwembamba, mwenye kofia ya ukili na sauti ya mwalimu wa zamu. Alituhesabu mara tatu kabla ya basi kung'oa nanga. Nikajisemea moyoni, hapa hakuna kuchelewa, utaachwa!

Kituo cha kwanza kilikuwa Siena, kama kilomita 70 kusini mwa Florence. Mji huo umekaa juu ya vilima, nyumba zake zikiwa za matofali mekundu yaliyoiva kwa jua la miaka mia nyingi. Tulipita katika vichochoro vyembamba vilivyonikumbusha picha za mji wa Lamu, kisha ghafla, lo! Uwanja mpana ukafunguka mbele yetu. Unaitwa Piazza del Campo. Umeumbwa kama kombe la baharini, unateremka polepole hadi kwenye jumba la baraza la mji, na sakafu yake imegawanywa mafungu tisa kuwakumbuka Watu Tisa, baraza lililoutawala mji kuanzia 1287 hadi 1355.

Siku nne kabla ya sisi kufika, katika uwanja huo huo zilikuwa zimefanyika mbio za farasi ziitwazo Palio. Mbio hizo hufanyika tarehe 2 Julai na tarehe 16 Agosti. Siena ina mitaa 17, lakini ni mitaa 10 tu inayoshindana kila mara. Farasi huzunguka uwanja mara tatu na kwa dakika moja na nusu hivi mambo yamekwisha. Farasi akimwangusha mpandaji wake na kufika wa kwanza peke yake, ameshinda vilevile! Kila mtaa una bendera na alama yake. Mmoja alama yake ni twiga, mwingine ni kifaru chini ya mti, na mwingine ni ndovu aliyebeba mnara. Nikamwambia shangazi, "Kumbe hata Tsavo imefika hapa!" Akacheka mpaka kiongozi akatugeukia.

Kisha tulipelekwa kwenye kanisa kuu, lenye mistari ya marumaru nyeusi na nyeupe kama punda milia. Hapo kiongozi alituonyesha ukuta mrefu uliosimama peke yake, hauna paa wala hauna nyumba nyuma yake. Alieleza kwamba mnamo 1339 watu wa Siena walianza kulipanua kanisa lao liwe kubwa ajabu. Mwaka 1348 tauni ikaingia, ikafyeka watu kama nyasi, na kazi ikasimama. Haijaendelea hadi leo. Alitufungulia pia kitabu chenye picha iliyochorwa ndani ya lile jumba la baraza na Ambrogio Lorenzetti mnamo 1338 na 1339. Upande mmoja kuna utawala mwema: mjini watu wanajenga na kuuza, na mashambani wanalima na kuvuna. Upande wa pili kuna utawala mbaya, na mashamba yamekuwa mahame. Ile picha ilinikaa. Mchoraji huyo alijua kwamba ukitaka kupima serikali, usiishie mjini. Toka nje ya lango utazame shamba.

Na shamba ndiko tulikokwenda. Basi liliingia katika vilima vya Chianti. Ndugu msomaji, niseme nini nikueleze? Mizabibu imepangwa mistari kama wanafunzi paredi ya Jumatatu. Katikati kuna mizeituni yenye majani ya rangi ya fedha, na kandokando ya njia imesimama misaipresi mirefu iliyochongoka kama kalamu. Agosti zabibu hazijavunwa bado. Mavuno huja Septemba na Oktoba. Zile tulizoziona zilikuwa zinageuka rangi, punje nyingine kijani na nyingine zambarau katika kichala kimoja. Nilizitazama nikakumbuka buni zetu zinapoanza kuwiva, moja nyekundu, jirani yake bado.

Mwenye shamba alitupeleka chini ya nyumba, mahali penye giza na baridi, palipojaa mapipa ya mwaloni. Alisema divai ya Chianti Classico lazima iwe na zabibu za aina ya Sangiovese zisizopungua asilimia 80, na ile iitwayo Riserva hungojwa miezi 24 kabla ya kuuzwa. Mipaka ya eneo hilo iliwekwa kwa amri ya mtawala Cosimo wa Tatu mwaka 1716. Ukilima nje ya mpaka, hata zabibu zako ziwe tamu namna gani, jina hilo si lako. Mwaka 1924 wakulima 33 waliungana kulilinda jina hilo, wakachagua jogoo mweusi kuwa alama yao. Sisi Wakenya tunamjua jogoo wa chama. Huyu wao ni jogoo wa chupa!

Jogoo huyo ana hadithi yake. Inasimuliwa kwamba Florence na Siena waligombania mpaka kwa miaka mingi, mwishowe wakapatana kila mji utoe mpanda farasi, aondoke jogoo atakapowika, na pale watakapokutana pawe mpaka. Watu wa Siena walimlisha jogoo wao mweupe akashiba, akalala fofofo. Watu wa Florence walimnyima chakula jogoo wao mweusi. Kwa njaa aliwika hata kabla ya mapambazuko. Mpanda farasi wa Florence akaondoka mapema, akafika Fonterutoli, karibu kabisa na Siena, ndipo akakutana na mwenzake. Wageni walicheka, glasi zikagongwa. Mimi, kwa umri wangu, nilipewa maji ya zabibu, mkate, jibini na mafuta ya zeituni, na sikulalamika.

Baada ya chakula kiongozi alisema jambo ambalo wengi hawakulisikiliza, maana walikuwa wanachagua chupa. Alisema hizi nyumba nzuri za mawe, ambazo sasa wageni hulala kwa pesa nyingi, zilikuwa za wakulima maskini wasio na ardhi. Mfumo wao uliitwa mezzadria, yaani kulima nusu kwa nusu. Jamaa nzima ililima shamba la tajiri, na mavuno nusu yakawa ya tajiri. Katika miaka ya 1950 na 1960 watu walichoka, wakateremka kwenda viwandani mjini. Mnamo 1964 sheria ikakataza mikataba mipya ya namna hiyo. Nyumba zikabaki tupu, nyasi zikaota mlangoni. Baadaye wakaja wenye pesa, wengi wakiwa wa nchi nyingine, wakazinunua na kuzikarabati.

Shangazi alinigusa bega akanionyesha kilima cha mbali. "Nonna alizaliwa upande ule," akasema. "Babake alikuwa wa nusu kwa nusu. Aliondoka akiwa na miaka kumi na minane, akaenda kushona nguo kiwandani Florence. Kila Jumapili ninapomwogesha huniuliza kama zabibu zimewiva." Hapo ndipo nilipojua kwa nini tulikuwa tumekuja.

Lazima niwaeleze kidogo mambo ya kwetu ili mnielewe. Nyumbani, katika kaunti ya Nyeri, tuna mibuni mia tatu aliyoipanda babu mwaka 1962. Miaka mingi ya ukoloni Waafrika wa sehemu zetu walizuiwa kulima kahawa, na ni katika miaka ya 1950 ndipo mlango ulipofunguliwa kwa wengi. Kwa hiyo babu aliipenda mibuni ile kama watu. Lakini bei ilianguka vibaya baada ya 1989, wakulima wengi wakakata tamaa. Kenya ilipata karibu tani 130,000 msimu wa 1987/88. Siku hizi hatufikishi hata nusu yake. Baba mdogo anataka mibuni ing'olewe, tujenge vyumba vya kupangisha. Baba hajakubali wala hajakataa. Shamba hilo bado ni la watoto wote wa babu, kwa hiyo neno la shangazi lilikuwa linangojwa. Walikuwa wamempigia simu mara mbili mwezi huo.

Alasiri tulifika San Gimignano. Ukiwa mbali unadhani umeona jiji la maghorofa, kumbe ni minara ya mawe ya zamani! Ilikuwa 72 enzi hizo, sasa imebaki 14. Matajiri wa mji walishindana, huyu akijenga mrefu, yule anajenga mrefu zaidi. Mrefu kuliko yote ni ule wa baraza la mji, mita 54, uliomalizika 1311. Fedha zao zilitokana na biashara, hasa ya zafarani, na mahujaji waliopita hapo wakielekea Roma. Kisha tauni ile ile ya 1348 ikafika. Mwaka 1353 mji ukawekwa chini ya Florence, ukafukarika. Minara iliyosalia ilisalia kwa sababu watu hawakuwa na pesa za kuibomoa wajenge mipya. Mwaka 1990 UNESCO iliutia mji huo katika urithi wa dunia. Divai yao nyeupe, Vernaccia, ilikuwa ya kwanza Italia nzima kulindwa jina lake na sheria mpya, mwaka 1966.

Tuliketi kwenye ukuta wa mji, mimi na aiskrimu yangu, shangazi na chupa ya maji. Chini yetu mizabibu ilienea mpaka macho yakachoka. Nikajipa moyo nikamwuliza, "Shangazi, utawaambia nini kuhusu kahawa?"

Alinyamaza kitambo. "Baba, mimi niliondoka kwa sababu ya kahawa hiyo," akasema. "Tulikuwa tunachuma tangu alfajiri, tunabeba magunia mpaka kiwandani, halafu tunangoja malipo mwaka mzima. Yakija, ni ya kununua sukari. Usinifundishe uzuri wa shamba kwa sababu umeona la mtu mwingine likiwa zuri."

"Kwa hiyo wang'oe?"

"Sijasema hivyo. Nonna naye aliondoka kwa sababu kama yangu. Sasa kilima chao ni kizuri, lakini analala hapo Mjerumani. Kila nikimfunika blanketi najiuliza, nikiwa mzee kama yeye nitamwuliza nani kama buni zimewiva?" Akafuta macho kwa ncha ya leso. "Hawa watu hawakupata bei kwa kulia. Walipata jina kwanza. Sisi kahawa yetu ikifika hapa haina babu yako ndani yake. Inachanganywa tu. Watengeneze hilo, ndipo waniulize habari za kung'oa."

Kiongozi akapiga filimbi yake. Tulihesabiwa tena mara tatu, basi likateremka kuelekea Florence jua likizama nyuma ya minara. Jioni hiyo shangazi alimpa Nonna kichala kidogo alichopewa na mwenye shamba, zabibu zikiwa bado chachu. Ajuza yule alikula moja, akakunja uso, akacheka kama msichana.

Shangazi aliwajibu nduguze kwa simu wiki iliyofuata, na alisema yale yale. Baba mdogo bado anazungumzia vyumba vyake, na sina haki ya kumlaumu, ana watoto wanne na karo haingoji mvua. Mibuni mia moja, iliyo kando ya barabara, imeng'olewa. Mia mbili ingalipo. Baba na majirani sita wameanza kuuliza namna ya kuuza kahawa yao ikiwa na jina la kijiji chetu, na si kazi rahisi, wanazungushwa ofisi hadi ofisi. Mimi msimu uliopita nilinunuliwa mkasi wangu mwenyewe wa kupogolea.

Wenzangu, wengi wetu tunasoma ili tusirudi shambani, na walimu wetu wanalijua hilo. Sisemi turudi sote na majembe. Nasema tu kwamba anayesoma biashara, sheria au kemia ana kazi inayomngoja kwenye kile kiwanda cha kahawa kijijini, au cha chai, au cha korosho, kabla hajatafuta tikiti ya ndege. La sivyo vilima vyetu siku moja vitapendeza sana, na sisi tutavitazama tukiwa ndani ya basi la watalii, tukihesabiwa mara tatu.