Bendera Isiyojua Msiba

Bendera mbili zilishuka, ya tatu ikabaki juu. Ilikuwa Juni 2015, mjini Columbia. Bendera ya Marekani na ya jimbo la South Carolina zilipepea nusu mlingoti juu ya kuba la bunge, kuwalilia watu tisa waliopigwa risasi katika darasa la Biblia, kanisa la Emanuel, Charleston. Ile ya tatu, bendera ya vita ya majimbo yaliyojitenga kuutetea utumwa, ilisimama mbele ya bunge hilohilo, kileleni mwa mlingoti wake.

Haikuwa na kamba ya kuishushia. Na sheria ya mwaka 2000 ilisema isiguswe mpaka theluthi mbili ya wabunge waridhie.

Walioitetea walisema imewekwa pale kuwaenzi babu zao waliokufa vitani. Nani atamkataza mtu kumlilia babu yake? Mimi siwezi. Lakini ni kilio gani hiki kisichoinama jeneza la jirani linapopita?

Maana jeneza lilipita. Mchungaji Clementa Pinckney, mmoja wa wale tisa, alikuwa seneta katika jengo hilo, na mwili wake ulilazwa humo watu wamuage. Dirishani pakatundikwa kitambaa cheusi, waombolezaji wasiione bendera. Nguo ikafichwa kwa nguo.

Najiuliza: moyo uliojaa wafu wake, hubaki na pembe ya kuwalaza wafu wa wengine? Au kila aliyefiwa huona msiba wake ndio msiba, na wa mwenzake ni kelele za njiani?

Tena, ulikuwa msiba gani? Vita viliisha 1865. Bendera ilipandishwa kwenye kuba mwanzoni mwa miaka ya 1960, Weusi walipokuwa wakidai haki zao, kabla ya kuhamishiwa uwanjani. Karibu karne nzima ilikuwa imepita. Machozi yaliyochelewa kiasi hicho yalimlilia nani, babu aliyekufa au enzi iliyokuwa ikiponyoka? Huenda vyote viwili. Huzuni na kiburi huweza kulala kitanda kimoja, na mwenye navyo asijue kipi kimemwamsha.

Na tanga la namna hii huanuliwa lini? Mimi sioni kama limeanuliwa.

Tarehe 10 Julai 2015 bendera iliteremshwa, ikapelekwa makumbusho. Mlingoti uling'olewa siku hiyohiyo. Mnara wa askari wa majimbo yale bado umesimama palepale.