Mtumishi Asiye na Jina: Hattie McDaniel na Suala la Mhusika Msaidizi

Kwa miaka kadhaa nimekuwa nikiwafundisha wanafunzi wa uzamili kwamba mhusika msaidizi hupimwa kwa kazi anayomfanyia mhusika mkuu. Humchochea, humpinga, humwakisi au humbebea ujumbe. Akiisha kuifanya kazi hiyo hutoweka, nasi hatuulizi aliko. Ufafanuzi huu unafaa mtihani. Hata hivyo, tukio moja la nyumbani limenifanya niutilie shaka, na makala haya ni jaribio la kuieleza shaka hiyo kwa kupitia maisha ya mwigizaji ambaye karibu kila mara aliajiriwa kuwa msaidizi: Mmarekani mweusi Hattie McDaniel.

Chanzo kilikuwa semina kuhusu taswira ya mtumishi katika fasihi na filamu. Nilimtaja McDaniel kama mfano wa msanii aliyeshiriki katika kuwadhalilisha watu wake, kwa kuwa alijenga jina kwa kuigiza wajakazi wacheshi na waaminifu kupindukia. Mwanafunzi mmoja aliinua mkono akauliza: “Mwalimu, kama angekataa, angeigiza nini?” Nilimjibu kwa nadharia. Jibu langu lilikuwa refu, na nikitazama nyuma naona kwamba halikugusa swali lake.

Tuanze na yale yanayojulikana. McDaniel alizaliwa mwaka 1893 katika mji wa Wichita, jimbo la Kansas, na kukulia Denver. Baba yake alizaliwa mtumwa, kisha akapigana upande wa Kaskazini katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani. Binti huyu aliimba, akatunga nyimbo na kuzirekodi katika miaka ya 1920. Alipofika Los Angeles mwaka 1931, sanaa haikumpa riziki ya kutosha, kwa hiyo alifanya kazi za nyumbani huku akitafuta nafasi katika filamu. Alipozipata, zilikuwa za kuigiza kazi ile ile. Alionekana katika Judge Priest (1934), Alice Adams (1935) na Show Boat (1936), na katika filamu nyingine nyingi ambazo hazikuorodhesha jina lake.

Mwaka 1939 aliigiza Mammy katika Gone with the Wind. Filamu hiyo ilipozinduliwa Atlanta mwezi Desemba mwaka huo hakuhudhuria, kwa sababu ya sheria za ubaguzi wa rangi za jimbo la Georgia. Tarehe 29 Februari 1940 alitunukiwa tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike, akawa mtu mweusi wa kwanza kupata Oscar. Hoteli ya Ambassador ilikofanyika hafla hiyo haikuwapokea watu weusi. Ilibidi aombewe ruhusa ya kuingia, na akaketishwa kwenye meza ndogo kando, mbali na waigizaji wenzake. Alichokabidhiwa hakikuwa sanamu bali kibao, kwani ndivyo walivyotuzwa wasaidizi wakati huo. Hata tuzo zilikuwa na ngazi.

Walio­mlaumu hawakuwa na hoja dhaifu. Katika miaka ya 1940, Walter White, kiongozi wa chama cha NAACP, aliwashinikiza wakuu wa Hollywood waache kuwapa weusi nafasi za wajakazi na mazuzu pekee. Filamu yenyewe inaupamba utumwa hata uonekane kama undugu wa nyumba moja. Mammy hapewi kwao wala jina. Hoja hizo nilizikubali, na ningali nazikubali.

Sasa nieleze tukio la nyumbani. Mama yangu alikuwa yaya jijini Nairobi katika miaka ya 1980 na 1990. Aliishi katika kijumba cha watumishi nyuma ya nyumba ya mwajiri, nasi watoto tukabaki mashambani na nyanya. Karo yangu ilitoka katika mshahara huo. Wiki moja baada ya semina ile alinitembelea, akanikuta nikiitazama upya Gone with the Wind kwa ajili ya mhadhara. Aliketi. Kiingereza chake ni cha kazi, kwa hiyo nilimfasiria palipohitajika.

McDaniel alipomfunga Scarlett kamba za nguo ya ndani huku akimgombeza, Mama alicheka na kusema, “Huyu anaijua kazi.” Baadaye akauliza, “Jina lake nani?” Nikamwambia anaitwa Mammy. “Hilo si jina,” akasema, “ni kazi.” Akanisimulia kwamba katika nyumba aliyokaa miaka kumi na mmoja, mtoto aliyemlea alilijua jina lake siku alipokiona kitambulisho chake mezani. Filamu ilipokaribia mwisho akauliza tena: “Na watoto wake wako wapi?”

Sikuwa na jibu, kwa kuwa filamu haina. Hapo ndipo nilipotambua kwamba Mama alikuwa amefanya kazi mbili za uhakiki ambazo mimi nilizichanganya. Alimsifu mwigizaji kwa ustadi, na papo hapo akamshtaki mwandishi kwa alichokificha. Mimi nilikuwa nimemhukumu mwigizaji kwa kosa la mwandishi.

Tukitenganisha mambo haya, uigizaji wa McDaniel unasomeka upya. Chukua onyesho la ngazini, baada ya kifo cha mtoto Bonnie. Mammy anapanda ngazi pamoja na Melanie huku akieleza jinsi baba na mama wa marehemu wanavyoraruana kwa uchungu. Kimuundo yeye ni mjumbe tu, kama wajumbe wa tamthilia za Kiyunani: anasimulia yaliyotukia nje ya jukwaa. Lakini kilio chake kinaupita ujumbe. Mtazamaji anauona msiba wa aliyemlea mtoto huyo, msiba ambao hadithi haikumtengea. Mjumbe amekuwa mfiwa. Jambo hilo halikuhitaji sentensi moja zaidi katika mswada, lilihitaji mwigizaji.

Nje ya kamera alikuwa mtu mwingine kabisa. Mwaka 1945 yeye na majirani zake weusi wa Sugar Hill, Los Angeles, walishinda kesi iliyokusudiwa kuwaondoa katika nyumba walizonunua. Mwaka 1947 alianza kuongoza kipindi cha redio cha Beulah, akiwa mwanamke mweusi wa kwanza wa Marekani kuwa kinara wa kipindi chake mwenyewe cha redio. Mhusika wake, hata hivyo, alikuwa mjakazi. Kipindi hicho kilipohamia kwenye televisheni aliigiza sehemu chache tu kabla ya ugonjwa kumzuia. Alifariki mwezi Oktoba 1952. Makaburi ya Hollywood alikotaka kuzikwa yalimkataa kwa rangi yake. Kibao chake, alichokiachia Chuo Kikuu cha Howard, kilipotea. Waandalizi wa tuzo walikipa chuo hicho kingine mwaka 2023.

Sisi Wakenya tuna sababu ya ziada ya kulitafakari suala hili. Mwaka 2014 tulishangilia Lupita Nyong’o alipopata tuzo iyo hiyo kwa kumwigiza Patsey, mtumwa katika 12 Years a Slave. Kati ya tuzo hizo mbili ilipita miaka 74. Tofauti ni kwamba Patsey ana jina, ana mwili unaoumia, na filamu haidai kwamba anaipenda nyumba inayomtesa. Lakini naye ni msaidizi katika hadithi ya mtu mwingine, na ni halali kuuliza kwa nini mlango uliofunguka ni ule wa shambani na jikoni.

Nimebadilisha swali la semina yangu. Zamani niliuliza: “Mhusika huyu anamsaidiaje mhusika mkuu?” Sasa naongeza swali la Mama, na wanafunzi wanalielekeza kwa mayaya, wapishi na mabawabu wanaopita haraka katika riwaya na tamthilia zetu za Kiswahili. Mara nyingi kurasa hazina jibu. Tunaandika hivyo hivyo, kwamba hazina, na kisha tunajadili kwa nini. Yule mwanafunzi aliyeniuliza swali la kwanza anaandika tasnifu kuhusu jambo hili. Nimemwomba radhi kwa jibu langu refu.