Chatu Hafundishwi Kulala

Mbwa akiambiwa lala, hulala. Akitii hutupiwa kipande cha nyama, na kesho yake anatii upesi zaidi. Mzee wa Buseresere, ambaye maisha yake yote ya kazi yamepita akicheza na chatu kwenye ngoma za Kisukuma, hana njia hiyo. Chatu akishiba hashikwi. Ukimbeba shingoni chakula kikiwa bado tumboni, atakitapika mbele ya watu, na hapo ngoma imekwisha.

Kazi alifunzwa na mjomba wake, mmoja wa Bayeye, chama cha Wasukuma wanaokamata nyoka na kucheza nao, na kutibu walioumwa. Buseresere ya utoto wake ilikuwa Biharamulo, mkoani Kagera. Leo ni wilaya ya Chato, katika mkoa wa Geita ulioanzishwa mwaka 2012. Nyumba yao haijasogea.

Mjomba hakumfundisha nyoka. Alimfundisha mpwa wake. Kwanza, usimshike chatu ukitoka kuchinja kuku: ulimi wake hunusa, na mkono wenye harufu ya kuku kwake ni kuku. Pili, mbebe kwa kumtegemeza sehemu mbili au tatu za mwili, maana anayehisi anaanguka hujikaza, na kukaza ndiko kunakoua. Macho yakifanya ukungu, anakaribia kujivua gamba. Haoni vizuri, ana hasira, aachwe sandukuni hata kama mwenye sherehe keshalipa. Kilichobaki ni kumzoesha mikono kila siku, mpaka aache kujikunja anapoguswa. Kuzoea huko ndiko watazamaji wanakokuita dawa, na mzee hana haraka ya kuwasahihisha, kwani dawa ndiyo inayojaza uwanja.

Na uwanja lazima ujae. Tangu enzi za Ngika na Gumha, mafundi wa ngoma wa karne ya 19, makundi ya Bagika na Bagalu hucheza kwa wakati mmoja, kila kundi upande wake, na ushindi ni wa upande walikokimbilia watu. Ndivyo ilivyo hadi leo kwenye sherehe za Bulabo, Bujora, karibu na Mwanza, kila Juni. Wapinzani wakitoa nungunungu, nyie mtoe nini? Mzee humtoa chatu ngoma zikishapoa kidogo. Chatu hana masikio ya nje, ila mtetemo wa ardhi anaupata barabara, na ukizidi anatafuta pa kujificha, mara nyingi ndani ya shati la aliyembeba.

Siku hizi kibali cha kufuga mnyamapori kinadaiwa kwa sheria ya mwaka 2009, na wateja wapya ni waimbaji wa nyimbo za asili wanaopiga video. Mmoja wa waongozaji, kijana kutoka mjini, alimwambia, “Mzee, mwambie afumbue mdomo.” Mzee akamjibu kwamba chatu anayefumbua mdomo anataka kuuma, labda kijana mwenyewe asogee karibu. Wakakubaliana kichwa kigeukie kamera tu. Midomo ya chatu ina vishimo vinavyohisi joto, basi mzee akaagiza chai ya moto, akaiweka chini ya kamera. Kichwa kikageuka polepole, ulimi ukicheza. Kijana akapata picha yake, akasahau kulipia chai.