Ngome ya Bibi

Umeme ulipokatika kwetu Malindi, Unguja, bibi alitukusanya wajukuu barazani akatusimulia habari za ngome ya kwao Omani. Nje ya ngome hiyo kulikuwa na tufani isiyobomoa nyumba peke yake. Ilifuta pia majina ya vitu, hata mtu akasahau mlango ni kitu gani na mwanawe ni yupi. Mlinzi alipokomea lango, wakati ulisimama ndani: tende haikuoza, mgonjwa hakufa, na kikombe kilichoponyoka mkononi kilining'inia hewani. Tufani ikazunguka kuta, ikakosa pa kuingilia. "Iko wapi, bibi?" "Kwetu, Ibra." Ibra yenyewe hakuwahi kuiona. Waliotoka huko ni wazazi wake.

Tarehe 25 Desemba 2020, mnara wa saa wa Beit al-Ajaib uliporomoka pamoja na sehemu kubwa ya mbele ya jengo. Wakati huo bibi alikuwa keshatangulia mbele ya haki. Nilisimama Forodhani nikitazama kifusi, na ile hadithi ikanirudia yote, neno kwa neno. Miaka mitatu baadaye nilipata nauli.

Mtoto wa ami alinipokea Muscat, na kesho yake alfajiri tukashika njia ya Nizwa, kama kilomita 160. Ngome ya Nizwa niliiona kabla sijauona mji: mnara wa mviringo mpana, rangi moja na milima. Aliyeijenga ni Imam Sultan bin Seif al-Yaarubi, yule aliyewatoa Wareno Muscat mwaka 1650, na inasemekana kazi ilichukua miaka 12. Mnara umeshindiliwa udongo na mawe hadi karibu nusu ya kimo chake, ili mizinga isiutikise.

Ngazi ndizo zilizonishika. Ni nyembamba, zinapinda ghafla, na kwenye kila pindo kuna mlango mzito wenye tundu juu yake. Adui akiuvunja mlango wa kwanza, anamwagiwa asali ya tende inayochemka, na mbele yake kuna mlango mwingine. Asali hiyo ilitoka humo humo ndani. Magunia ya tende yalirundikwa katika chumba chenye mifereji sakafuni, uzito wake ukaikamua polepole. Nilipanda nikihesabu pumzi zangu. Mjenzi huyu aliujua wakati vizuri kama bibi: kila pindo lilimnunulia aliye juu muda kidogo zaidi.

Lakini aliye juu naye amefungiwa. Mwana wa Imam huyo, Seif bin Sultan, ndiye aliyetuma jeshi kuizingira Ngome ya Yesu, Mombasa, tangu Machi 1696 hadi Desemba 1698. Huko wakati ulisimama kwelikweli. Waliokuwa ndani waliteketea kwa njaa na maradhi, na lango lilipofunguka walikuwa wamebaki wachache mno. Katika hadithi ya bibi hakuna aliyeulizwa kama anataka kutoka.

Mtunzaji mmoja mzee alipapasa ukuta akaniambia kwa Kiarabu kitu nilichokielewa bila mkalimani: saruj. Saruji! Mtoto wa ami akanitafsiria mengine: udongo huchomwa, ukasagwa, ukachanganywa na chokaa na maji, ukapakwa. Mvua huula ukuta, na watu huupaka tena. Neno nililolijua toka utotoni, lililoandikwa kwenye mifuko ya dukani, nilikuwa nimeliwekea kiganja.

Jioni tulikaa ukingoni mwa Falaj Daris, mmoja wa mifereji mitano ya Omani iliyoingizwa kwenye Urithi wa Dunia mwaka 2006. Humo wakulima hugawana maji kwa muda: fungu moja, athar, ni kama nusu saa. Zamani mchana walipima kwa kivuli cha mti uliosimikwa, na usiku kwa nyota. Mtu aliweza kumrithisha mwanawe nusu saa.

Tulipofika Ibra, shangazi anayeishi huko alikuwa mlangoni.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Karibu kwenu."

Aliondoka Unguja mwaka 1964 akiwa na miaka tisa, akalelewa ugenini, na Omani akaingia baada ya 1970, Sultan Qaboos alipowafungulia mlango waliokuwa nje. Kahawa na halua zilipoletwa, akaanza kuniuliza. Victoria Garden bado ina kivuli? Nani anakaa nyumba ya pembeni, Ng'ambo, yenye mbao za kijani? Pale sasa ni majumba ya Michenzani. Sikuweza kumwambia. Kiswahili chake kilikuwa safi, chenye maneno niliyoyasikia mwisho kwa bibi. Saa ya ukutani ilikuwa nyuma kwa saa nzima. Nikadhani betri imekwisha.

Asubuhi alinipeleka al-Minzfah, mtaa wa zamani wa matajiri waliofanya biashara na Unguja. Sikuwa tayari. Matao yamesimama peke yake, dari zimeanguka, na nakshi za chokaa zinamenyeka kwenye vyumba visivyo na paa. Nizwa inapakwa, hapa mvua inakula. Shangazi alipita akigusa miimo ya milango na kutaja koo, hii ya fulani, hii ya fulani, kwa sauti, kama anayeita watoto wakati wa magharibi. Hakuruka hata nyumba moja. Nililia, naye akaniacha nilie.

Safari tuliimalizia Sur. Kando ya bahari limepandishwa Fath al-Khair, jahazi la aina ya ganja lililoundwa hapo hapo mwaka 1951. Majahazi ya Sur yalishuka Unguja na kaskazi, yakarudi na kusi. Shangazi aliegemea ubao wake, uso baharini.

"Saa ngapi, mwanangu?"

Nikatazama simu. "Saa kumi na moja na robo."

"Basi kwetu ni saa kumi na robo," akasema. "Wanatoka kuswali alasiri."