Mechi Mbili kwa Nane

Msimu wa mchezo hupimwa kwa hesabu rahisi: timu imeshinda mara ngapi na imefungwa mara ngapi. Sikipingi kipimo hicho, kwani mchezo usiokuwa na matokeo ni mazoezi tu. Lakini upo msimu mmoja ambao kila ninapoufikiria naona hesabu hiyo haitoshi. Ni msimu wa mwaka 1971 wa timu ya futiboli ya Kimarekani ya Chuo Kikuu cha Marshall, katika mji wa Huntington, jimbo la West Virginia. Timu hiyo ilicheza mechi kumi. Ilishinda mbili, ikafungwa nane.

Chuo hicho hakikuanza kama chuo kikuu. Kilianzishwa mwaka 1837 kikiwa shule ndogo, na mwaka 1867 jimbo lilikifanya kuwa chuo cha kufundishia walimu. Hadhi ya chuo kikuu kiliipata mwaka 1961. Mtu aliyemalizia utumishi wake katika chuo cha ualimu, kama mimi, hawezi kuzisoma habari zake kama habari za watu baki.

Mchezo wenyewe si kandanda tunayoijua. Mpira wake una umbo la yai na hushikwa mikononi. Timu yenye mpira hupewa nafasi nne za kusonga mbele yadi 10, na ikishindwa wapinzani huuchukua. Wanaoshambulia ni kundi moja, wanaolinda ni jingine. Hivyo chuo huhitaji makumi ya vijana waliozoeana, kila mmoja akiijua kazi yake na ya mwenzake. Timu ya namna hiyo hujengwa kwa miaka.

Tarehe 14 Novemba 1970 vijana wa Marshall walifungwa 17 kwa 14 na East Carolina, ugenini katika jimbo la North Carolina. Usiku huo, ndege iliyowarudisha nyumbani ilikuwa ikikaribia kutua katika mvua na ukungu. Iligonga miti na kuanguka kilimani, kabla ya kuufikia uwanja. Watu wote 75 walikufa. Kati yao walikuwamo wachezaji 37, kocha mkuu Rick Tolley na wasaidizi wake, pamoja na wakazi wa mji walioambatana na timu. Wachezaji sita ambao miili yao haikuweza kutambuliwa walizikwa pamoja katika makaburi ya Spring Hill.

Ndipo likazuka swali gumu: je, timu iendelee au ivunjwe? Msomaji asidhani kwamba jibu lilikuwa wazi. Anayesema tuache ana heshima ya msiba, na anayesema tuendelee ana heshima hiyo hiyo.

Nasema hivi kwa kuwa swali la aina hiyo liliwahi kunifikia. Nikiwa mkuu wa chuo, wanachuo wetu watatu walifariki katika ajali ya gari walipokuwa wakirudi kutoka mazoezi ya kufundisha. Vitanda vyao vilibaki vitupu bwenini. Ilipokaribia zamu ya wanachuo wapya, baadhi ya wakufunzi walitaka vitanda hivyo viondolewe. Wengine walisema kumlaza mgeni pale ni kuwafukuza marehemu. Niliagiza vitandikwe na wapewe wanachuo wapya, baada ya kuwaeleza nani alikuwa amelala pale kabla yao. Mmoja wa vijana hao aliniomba jina la aliyemtangulia, akaliandika ndani ya jalada la daftari lake.

Marshall nao waliamua kuendelea. Aliajiriwa kocha mpya, Jack Lengyel. Kanuni za wakati ule hazikuwaruhusu wanafunzi wa mwaka wa kwanza kuchezea timu kubwa, lakini chuo kilipewa ruhusa maalumu ya kuwatumia. Wakaungana na wachezaji wachache ambao hawakusafiri siku ile. Bobby Bowden, kocha wa chuo kikuu kingine cha jimbo hilo, alimfungulia Lengyel mbinu zake ajifunze. Kufaana huko ndiko undugu.

Mechi ya kwanza walifungwa 29 kwa 6. Ya pili ilikuwa nyumbani, tarehe 25 Septemba 1971, dhidi ya Xavier. Zikiwa zimebaki sekunde chache walikuwa nyuma, 13 kwa 9. Katika mchezo wa mwisho kabisa Reggie Oliver alimrushia mpira Terry Gardner, mwanafunzi wa mwaka wa kwanza, naye akakimbia nao hadi mwisho wa uwanja. Marshall 15, Xavier 13. Baadaye waliifunga pia Bowling Green, 12 kwa 10. Ushindi wao uliishia hapo.

Hadithi za kubuni zingetaka msiba uishie siku ile ya Xavier. Haikuwa hivyo. Timu iliendelea kufungwa kwa miaka mingi, na haikupata msimu wenye ushindi mwingi kuliko vipigo hadi mwaka 1984. Red Dawson, kocha msaidizi aliyenusurika kwa kuwa hakupanda ndege ile, alifundisha msimu huo mmoja wa 1971 kisha akaondoka. Simlaumu. Mkufunzi aliyewafundisha wale watatu wetu naye alimaliza mwaka na darasa lake, kisha akaomba uhamisho, nami nikaidhinisha bila maswali. Si kila anayebeba jeneza hutakiwa kukaa makaburini.

Chuo hicho kilitwaa ubingwa wa taifa wa daraja lake mwaka 1992, na tena mwaka 1996 bila kufungwa hata mechi moja. Vijana wale wa 1971 hawakuonja matunda hayo. Kazi yao ilikuwa kuvaa jezi zilizokosa wenyewe, kufungwa mbele ya watu, na kurudi mazoezini Jumatatu. Mwalimu anaielewa kazi ya namna hiyo, kwani mara nyingi anayepanda si yeye avunaye.

Katika uwanja wa chuo hicho ipo chemchemi ya ukumbusho. Kila tarehe 14 Novemba watu hukusanyika, maji yakafungwa, na hayafunguliwi tena hadi majira ya kuchipua. Wakati huo wote masomo yanaendelea.