Meno ya Mtoto na Kadi ya Bima

Katika nyumba nyingi za watumishi wa serikali, askari polisi na wanajeshi, jino hukumbukwa usiku, wakati linapouma. Likipoa asubuhi, husahauliwa. Kwa hiyo ni nyumba chache ambazo zimekwisha kukaa na kuulizana: matibabu ya meno ya jamaa hii nani atayalipia, na hadi wapi? Swali hilo limetushughulisha sisi nyumbani kwetu, hapa Kasese, kwa muda wa mwaka mzima. Kwa kuwa naamini limo katika nyumba nyingine pia, nimeona vema kuwaeleza wasomaji yale tuliyojifunza.

Binti yetu wa kwanza ana umri wa miaka 13. Chonge zake mbili za juu zimeota nje ya mstari, na meno ya mbele yamepandana kama watu wanaogombea kiti kimoja. Ni mtoto mwenye bidii, lakini tangu mwaka jana alianza kufunika mdomo kwa kiganja kila anapocheka. Kisha mwalimu wake akatuarifu kwamba hataki tena kusimama na kusoma kwa sauti. Mimi nilisomea ualimu na kupata cheti kabla ya kuhamishiwa ofisini, na najua kuwa mtoto anayeogopa kufungua mdomo darasani hupoteza masomo pamoja na furaha. Sikuweza kulihesabu jambo hili kuwa ni upuuzi wa kitoto.

Hata hivyo si kila jino lililo tofauti na mengine ni ugonjwa. Mwanya, kwa mfano, husifiwa kuwa pambo tangu zamani, na mwenye nao hatafuti daktari. Hapana budi basi kutenganisha mambo mawili: meno yanayomtesa mtu, na meno yasiyompendeza. Msomaji akumbuke tofauti hiyo, maana mkataba wa bima umesimama juu yake.

VIFUNIKO ANGAVU NI NINI?

Binti yetu aliona katika simu ya mama yake tangazo la vifuniko vya plastiki angavu, visivyoonekana kwa urahisi mdomoni, ambavyo hunyoosha meno bila nyaya. Vifuniko hivi vilianza kuenea baada ya kampuni ya Align Technology kuanzishwa huko Marekani mwaka 1997. Daktari huchukua nakala ya meno, kisha hutengenezewa mfuatano wa vifuniko, kila kimoja kikitofautiana kidogo na kilichotangulia. Mgonjwa hukivaa kwa muda wa saa 20 hadi 22 kwa siku, akikivua wakati wa kula na kupiga mswaki tu, na baada ya wiki moja au mbili huvaa kinachofuata. Meno husukumwa pole pole, kidogo kidogo, hadi yafike mahali pake.

Mama yake ameajiriwa na kampuni ya watu binafsi, na mwajiri humlipia bima ya matibabu yeye, mimi na watoto wetu. Katika orodha ya huduma za kadi hiyo limo neno meno. Likawa ndilo swali letu: je, hata meno ya namna hii?

Tulimpeleka mtoto kwa daktari wa meno mjini Mbarara. Alimkagua kwa makini, akapiga picha ya eksirei, na kutueleza hali ilivyo. Magego mawili ya chini yalikuwa yameanza kuoza na yalihitaji kuzibwa upesi. Kuhusu kunyoosha, alisema kuwa vifuniko vinafaa sana pale ambapo meno yamesongamana kidogo au kwa kadiri, lakini chonge iliyoota juu sana aghalabu huongozwa vizuri zaidi na nyaya zinazogandishwa juu ya meno. Tena vifuniko vinahitaji mvaaji mwenye nidhamu. Mtoto akivisahau shuleni, au akivifunga katika karatasi na kuvitupa pamoja na takataka, kazi hurudi nyuma na gharama huongezeka.

Kisha akatutajia bei. Ya vifuniko ilizidi maradufu ya nyaya, na zote mbili zilikuwa nje ya uwezo wa mshahara wa mwezi mmoja. Jambo lililonifaa zaidi ni kwamba alikubali kuichambua bei hiyo. Katika kazi hii kuna malipo ya kumwona daktari, ya eksirei, ya nakala za meno, ya vifaa vyenyewe, ya kurudi mara kwa mara kwa ukaguzi, na mwishowe ya kifaa cha kuyazuia meno yasirejee yalikotoka. Kifaa hicho cha mwisho husahauliwa na wengi, ilhali bila hicho kazi yote huweza kuharibika. Kwa sisi tunaokaa Kasese au Bwera, yafaa kuongeza nauli ya kwenda na kurudi kwa muda wa mwaka mmoja au miwili.

KWA NINI BIMA ILIKATAA

Tuliomba kibali kwa kampuni ya bima kabla ya kulipa chochote. Jibu likaja kwa mistari miwili: kuziba magego, ndiyo, kunyoosha meno, hapana. Mke wangu alikasirika, na hasira yake ilikuwa na msingi, kwani hakuna aliyemweleza hayo siku alipokabidhiwa kadi. Tukaagiza nakala ya mkataba kwa mwajiri na kuusoma ukurasa kwa ukurasa. Kweli, katika sehemu ya mambo yasiyogharimiwa yalitajwa kunyoosha meno, meno ya bandia, na kazi yoyote ya urembo.

Ili kuelewa sababu, tazama desturi yetu ya milimani. Mtu akiugua juu kabisa katika vilima vya Rwenzori, majirani humbeba kwa machela hadi barabarani. Kila nyumba hutoa bega, na hakuna ajuaye ni nani atakayebebwa kesho. Kusini mwetu, katika nchi ya Kigezi, vikundi vya machela huitwa engozi, na mwaka 1996 Hospitali ya Kisiizi ilivitumia vikundi hivyo kuanzisha bima ya matibabu ya wanakijiji. Hiyo ndiyo asili ya bima: wengi hutoa kidogo kwa ajili ya wachache watakaoanguka ghafla. Jino lililopinda halikuanguka ghafla. Mwenye nalo analijua kabla ya kujiunga, na kama bima ingelilipia, wangejiunga wenye meno yaliyopinda peke yao, na mchango wa wote ungepanda.

Lakini hoja hiyo ina mpaka. Yapo meno yaliyopinda ambayo humzuia mtu kutafuna, au humchoma ufizi, au hukaa mahali pabaya hata yakaharibu mizizi ya mengine. Mtu huyo ameanguka kweli, ingawa ameanguka pole pole. Nchini Uingereza, kwa mfano, hupimwa uzito wa haja kwa ngazi tano. Mtoto chini ya miaka 18 aliye katika ngazi ya nne au ya tano hutibiwa bila malipo katika huduma ya taifa, na aliye chini ya hapo aghalabu hujilipia. Huko Marekani, bima nyingi za meno zinazokubali kunyoosha huweka kikomo cha maisha yote, mara nyingi kati ya dola 1,000 na 2,000, ilhali vifuniko huweza kugharimu dola 3,000 hadi 8,000. Hata katika nchi tajiri, basi, fungu kubwa hutoka katika mfuko wa mzazi.

Kwa hiyo, ikiwa daktari anaona kuna madhara, mwombeni ayaandike madhara hayo wazi katika barua yake: mtoto hatafuni upande fulani, au jino linakata ufizi. Barua isemayo tu kwamba meno hayajapangana vizuri huishia katika kapu la urembo.

KWA WALIOMO KAMBINI

Kaka yangu ni askari polisi huko Bwera. Nilipomweleza habari hizi alicheka, akasema: "Ndugu yangu, sisi hatuna kadi. Tuna hospitali." Ni kweli kwamba tangu mwaka 2001 malipo yalifutwa katika hospitali na vituo vya afya vya serikali, isipokuwa katika wodi za kulipia. Jino linalouma huweza kung'olewa huko bila ada. Lakini kunyoosha meno ni kazi ya daktari bingwa, na haipatikani katika hospitali ya wilaya.

Majirani zetu walitangulia katika jambo hili. Tanzania ilipitisha sheria ya mfuko wa taifa wa bima ya afya mwaka 1999, na watumishi wa serikali wakaanza kuhudumiwa mwaka 2001. Rwanda iliwawekea wanajeshi wake bima yao kwa sheria ya mwaka 2005. Hapa Uganda, Bunge lilipitisha muswada wa bima ya afya ya taifa mwezi wa Machi 2021, lakini haukutiwa saini kuwa sheria. Mtumishi wa serikali asiye na mwenzi mwenye kadi hana budi kujiwekea akiba mwenyewe.

MASWALI YA KUULIZA

Mwenye kadi, au anayeshawishiwa kuinunua, na aulize haya kabla ya kutia saini.

Kwanza, meno yamo, na ni kazi zipi? Kung'oa, kuziba na kutibu mzizi ni mambo matatu mbalimbali. Pili, kikomo cha mwaka ni kiasi gani, na ni cha kila mtu au cha jamaa nzima? Tuseme kikomo ni shilingi 500,000 kwa jamaa yenye watu sita: watatu wakiumwa mwezi wa Februari, waliobaki watangoja mwaka ujao. Tatu, kuna kipindi cha kungoja kabla ya huduma kuanza? Nne, ni madaktari gani wanaoipokea kadi hiyo, na wa karibu yuko mji gani? Tano, nani huhesabiwa kuwa mtoto? Nyumbani kwetu anakaa mtoto wa marehemu dada yangu. Anakula nasi na kusoma kwa ada yetu, lakini kadi haimtambui.

Nao wanaovutwa na matangazo ya vifuniko vya kuagiza kwa posta bila kuonana na daktari, wakumbuke kampuni ya SmileDirectClub ya Marekani. Ilifungwa mwezi wa Desemba 2023, ikawaacha wateja katikati ya matibabu, na waliokuwa wakilipa kwa awamu wakaambiwa waendelee kulipa.

TULIVYOAMUA

Magego mawili yalizibwa kwa kadi, bila sisi kutoa shilingi. Kwa ajili ya kunyoosha, tulichagua nyaya. Binti yetu alinung'unika kidogo, kwa kuwa nyaya huonekana. Tukamwonyesha hesabu yote katika daftari, ada ya shule ya watoto watatu upande mmoja na bei ya daktari upande wa pili. Mtoto wa miaka 13 anaweza kusoma hesabu. Alinyamaza, kisha akauliza kama nyaya zitamzuia kula mahindi ya kuchoma. Nikamjibu kuwa ndiyo, kwa muda.

Tunaweka akiba kila mwezi katika chama cha akiba na mikopo, na daktari amekubali kupokea fedha kwa awamu. Wanajeshi wana Wazalendo, na polisi wana Exodus. Vyama hivyo si vya kukopea pikipiki na mabati tu. Anayejua kuwa mtoto wake atahitaji kazi hii baada ya miaka miwili, aanze leo kwa kiasi kidogo.

Tena yapo yasiyohitaji bima wala akiba. Mswaki na dawa yenye floridi asubuhi na usiku hupunguza sana haja ya kuziba. Meno ya utoto yasiachwe kuoza kwa kisingizio kwamba yatang'oka, kwani ndiyo yanayoyatunzia nafasi meno ya ukubwani. Nao wazazi wa watoto wachanga wakatae kabisa kuchokolewa ufizi wa mtoto kwa madai ya kumtoa "ebinyo". Kinachotolewa pale ni mbegu ya jino halisi. Kuharisha na homa vina sababu nyingine, na kidonda cha chombo kichafu huweza kumuua mtoto. Akipona, chonge zake za baadaye huweza kuota vibaya au zisiote kabisa.

Ndugu msomaji, mali bila daftari hupotea bila habari, na kadi isiyosomwa ni kama mali isiyo na daftari. Ichukue kadi yako jioni ya leo, keti na mwenzi wako, mwandike yale inayolipa na yale isiyolipa. Yasiyolipwa myapangie mapema, kabla jino halijawaamsha usiku.