Ufizi Safarini

Wengi wetu tukifunga safari ya mbali hukumbuka nguo, chakula na nauli, lakini mswaki tukausahau. Nataka kuwaeleza wenzangu kwa nini jambo hili si dogo.

Mimi ni mkazi wa Bwaise, Kampala. Baada ya kumaliza masomo nilifanya kazi ya utingo katika lori la unga na sabuni. Tulishika barabara ya Bombo mpaka Gulu, tukapita Kitgum, tukaingia Karamoja hadi Kaabong. Mvua ikinyesha lori hunasa matopeni, na safari ya siku chache huwa ya majuma mawili.

Dereva wetu, mzee mpole, alikuwa amekwisha kupoteza meno manne, na ajabu ni kwamba hata moja halikuwa na tundu. Aliniambia, "Mwanangu, kila nikipiga mswaki nilitoka damu, basi nikaacha." Hapo ndipo wengi hupotea. Damu hiyo kwa kawaida huletwa na ukoga uliokaa penye ufizi. Usipoondolewa hugeuka mgumu kama jiwe. Ufizi huachana na jino, mfupa huliwa, na jino zima hulegea.

Mwaka 1965, huko Aarhus, Denmark, Harald Löe na wenziwe waliwaachisha watu 12 kusafisha meno. Kati ya siku 10 na 21 wote waliugua ufizi. Walipoanza tena kusafisha, walipona kwa muda wa juma moja hivi. Basi safari moja ya lori yatosha kuleta maradhi!

Asiye na mswaki wa dukani na akate wa mti, ambao Shirika la Afya Duniani liliupendekeza mwaka 1986. Tafuna ncha mpaka iwe nyuzi, kisha sugua taratibu pale jino linapokutana na ufizi, nje na ndani, asubuhi na kabla ya kulala. Kikombe kimoja cha maji yaliyochemshwa chatosha. Maji ya chumvi hutuliza uvimbe, lakini hayaondoi ukoga. Na tumbaku iacheni kabisa, kwani hudhuru ufizi tena huificha damu ambayo ingekuonya.

Mzee alikubali kuanza tena, na tuliporudi akaenda kwa daktari wa meno, maana ukoga mgumu hauondoki kwa mswaki. Meno yaliyobaki angali nayo, ila yale manne hayakurudi. Enyi wenzangu, usipoziba ufa utajenga ukuta. Na ukuta wa mfupa wa jino hakuna fundi awezaye kuujenga upya kama ulivyokuwa.